Faili lililorudishwa na kituo: kisa cha mhariri wa tamthilia Mombasa

Kisa hiki kimeundwa kwa ajili ya uchambuzi. Tamthilia yenyewe haipo, wala hakuna mhariri mmoja aliyepatwa na yote haya kwa mpigo. Hitilafu zake, hata hivyo, ni zile zinazozunguka katika vyumba vya uhariri kila msimu, na hesabu zake anaweza kuzirudia yeyote mwenye karatasi na kalamu.

Hali ilivyokuwa

Mhariri alianza na video za harusi, akaingia kwenye chumba cha habari akikata taarifa za dakika mbili, kisha akaitwa kuhariri tamthilia ya sehemu 13. Hii ndiyo njia wanayopita wengi Mombasa, na kila hatua huacha mazoea yake. Harusi hufundisha kuvumilia saa nyingi za picha zisizo na mpango. Habari hufundisha mbio. Tamthilia hudai kitu ambacho hakuna hata moja kati ya hizo inayokidai: kumjua mtu atakayelipokea faili na anavyolipima.

Kituo kilitaka kila sehemu iwe dakika 23 kamili, imegawanywa mara tatu kupisha matangazo, irushwe saa mbili na nusu usiku. Picha zilipigwa Mji wa Kale, soko la Kongowea, ufukwe wa Bamburi na kwenye feri ya Likoni. Kamera kuu ilikuwa moja, ya pili ilikuwa simu, na sauti iliingia kwenye rekoda ya pembeni. Mkataba wa mhariri ulikuwa ukurasa mmoja: malipo kwa kila sehemu, yatolewe "kituo kikishakubali kazi".

Siku tatu kabla ya kurushwa, sehemu ya kwanza ikarudi. Ripoti ya wakaguzi wa kituo ilitaja mambo sita. Midomo na sauti havikulandana katika onyesho la sokoni. Sauti ya kipindi kizima ilizidi kiwango kwa vipimo 9. Picha za kanda ya harusi ya zamani zilitetemeka. Kipindi kilizidi kwa dakika 1 na sekunde 12. Wimbo wa taarabu haukuwa na ruhusa ya maandishi. Onyesho la ugomvi wa kisu halikufaa saa ile. Prodyusa alimpigia simu mhariri, "Dada, umetuangusha," na hapo ndipo penye kiini cha kisa hiki, kwa sababu kati ya mambo hayo sita, yaliyozaliwa mezani pa mhariri hayafiki nusu.

Sokoni

Picha za Kongowea zilipigwa kwa simu kwa sababu kamera kubwa ingekusanya umati. Uamuzi huo ulikuwa sahihi. Mazungumzo ya muuza viazi na mteja wake yalienda dakika 12 bila kukatwa, sauti ikinaswa na maikrofoni ndogo za kifuani. Hapakuwa na kibao cha klapa, kile kinachogongwa mwanzo wa shoti ili sauti ilinganishwe na picha, mtu akapiga kofi moja mbele ya simu. Hilo nalo halina ubaya: kofi lina mlio mkali na fremu moja, yaani picha moja kati ya zile zinazounda video, ambayo viganja vinakutana. Mhariri akalinganisha hapo, midomo ikakaa, akaanza kukata. Hakutazama mwisho wa shoti.

Mtazamaji huvumilia kidogo sana. Pendekezo R37 la EBU, umoja wa watangazaji wa Ulaya, linaruhusu sauti itangulie picha kwa milisekunde 40, au ichelewe kwa milisekunde 60. Kwa mwendo wa fremu 25 kwa sekunde, fremu moja ni milisekunde 40, kwa hiyo sauti ikitangulia zaidi ya fremu moja umeshatoka nje ya mstari. Kuchelewa kunavumilika zaidi kwa kuwa masikio yamekuzoea: anayepasua kuni ng'ambo ya kiwanja, shoka lake huonekana likitua kabla mlio haujafika.

Kabla ya kutengeneza chochote, angalia kosa lina tabia gani. Likiwa lilelile mwanzo hadi mwisho, palipokosewa ni mahali pa kulinganishia, sogeza, yaishe. Likikua polepole kwa mwendo usiobadilika, kuna kasi mbili zinazogombana: picha ya fremu 29.97 ikisomwa kama ya 30 hukosana na sauti kwa sehemu moja ya elfu, yaani sekunde 0.6 kwa kila dakika 10. Likiruka ghafla, tafuta fremu zilizopotea au faili lililogawanywa na kamera kisha likaungwa vibaya. Likipanda na kushuka bila mpango, wa kwanza kushukiwa ni simu.

Rekoda hulaumiwa bure mara nyingi. Rekoda ambayo saa yake ya ndani imekosea kwa sehemu 10 katika milioni hupotoka milisekunde 36 kwa saa nzima. Hata fremu moja haitimii. Katika shoti ya dakika 12 hakuna jicho litakaloona hilo.

Simu nyingi hazirekodi kwa kasi moja. Zimeandikwa 30, lakini mwanga ukipungua zinashusha idadi ya fremu ili kila fremu ipate mwanga wa kutosha, na mwanga ukirudi zinapanda tena. Muuza viazi alikuwa anatoka juani, anaingia chini ya turubai, anatoka. Kila fremu ndani ya faili la simu ina muhuri wake wa muda, na simu yenyewe inapocheza hufuata mihuri hiyo, ndiyo maana kwenye simu kila kitu kilionekana sawa. Programu ya kuhariri inaweza kuipuuza, ikachukua wastani, ikazipanga fremu kwa umbali ulio sawa kama askari.

Mhariri alijaribu kwanza dawa ya harusi: akanyoosha sauti kwa asilimia ndogo mpaka mwisho wa shoti ukalandana. Mwanzo ukawa sawa, mwisho sawa, katikati pakaharibika. Matokeo hayo yenyewe ni kipimo. Ncha mbili zikikaa na katikati pakigoma, acha kunyoosha; kasi ya picha haikuwa moja.

Dawa iko kwenye faili la asili. Linageuzwa kwanza liwe na kasi moja ya fremu 25, na kifaa kinachogeuza kiambiwe kiheshimu mihuri ya muda. Kwa FFmpeg, programu ya kugeuza video kwa amri za maandishi, amri ni `-fps_mode cfr -r 25`, picha ikitolewa katika kodeki (namna ya kufungasha picha) ya kuhariria kama ProRes na sauti kwa `-ar 48000`, yaani sampuli 48,000 kwa sekunde. Baada ya hapo sauti ya simu yenyewe, hata ikiwa mbaya, ndiyo daraja: imefungamana na picha ya simu, na mawimbi yake yanaweza kulinganishwa na mawimbi ya rekoda. Ukishalinganisha unaizima. Kwa sababu hii yule msaidizi anayezima maikrofoni ya simu "kwa kuwa tuna rekoda" anachoma daraja ambalo bado hatujavuka.

Kugeuza 30 kuwa 25 kuna gharama. Fremu moja katika kila sita inatupwa. Mtu aliyesimama akizungumza hutaona kitu, lakini kamera ikizungushwa kando picha itakwamakwama. Kwa shoti zisizo na maneno, kama mawimbi, jahazi au moshi wa jiko, usitupe fremu. Ziache zote zichezwe kwa kasi ya 25. Mwendo unapungua kwa moja ya sita, na bahari kwa kawaida hupendeza zaidi hivyo.

Kulikuwa na jeraha la pili sokoni lisilo na dawa. Klipu tatu zilitumwa kwa mhariri kama video kupitia WhatsApp, ambayo hupunguza ukubwa na ubora, kisha zikafutwa kwenye simu ili kupata nafasi. Zingetumwa kama hati zingefika zilivyo. Na ndani ya duka lenye taa za mrija, simu ilipiga kwa shata, yaani muda ambao kila fremu hupokea mwanga, ya 1/60 ya sekunde wakati umeme wa Kenya ni wa hezi 50, ikaleta mistari inayopanda ukutani. Shata ya 1/50 au 1/100 ingeizuia pale pale dukani. Mezani, kinachowezekana ni kuificha: kata haraka, tumia uso uliojaza fremu, ukuta usionekane.

Matatu ya haraka na moja la gharama

Kiwango cha sauti kilikuwa kosa la mhariri. Alichanganya sauti kwa −14 LUFS (kipimo cha ukubwa wa sauti kama sikio linavyousikia), kiwango cha mitandaoni. Kituo kilidai EBU R128, yaani −23, na kilele kisichovuka −1. Kushusha faili zima kwa desibeli 9 kungelipitisha mbele ya mkaguzi, lakini kazi ingebaki mbovu. Ili kufika −14 alikuwa ameweka kibana sauti mwishoni kabisa, kikainua minong'ono, feni na kunguru wote wa Mji wa Kale wakawa sawa na waigizaji. Akakitoa. Akaweka mazungumzo kwanza peke yake karibu na −23, ndipo akaleta muziki na mazingira chini yake. Kunguru walirudi mahali pao.

Kanda ya harusi ilitetemeka kwa sababu ilirekodiwa kwa DV ya PAL, muundo wa kanda za zamani ambao kila fremu huja kwa nusu mbili za mistari inayopishana, na nusu-fremu yake ya chini hutangulia, ilhali mfumo wa HD wa 1080i50 hutanguliza ya juu. Ukilazimisha moja ndani ya nyingine, mkono unaokwenda mbele unarudi nyuma kidogo kila mara. Iambie programu mpangilio wa klipu hiyo kabla hujaikuza. Ukishaikuza kwanza, mistari ya nusu mbili imechanganyika na hakuna kurudi.

Kisu: kanuni za utangazaji za Kenya zinalinda saa za kuanzia saa kumi na moja alfajiri hadi saa nne usiku zisiwe na maudhui ya watu wazima. Saa mbili na nusu imo ndani. Mhariri alibakiza sauti na uso wa anayeshuhudia, akaondoa damu. Onyesho likawa kali zaidi kuliko mwanzo, ambalo ni jambo la kawaida, na waongozaji huchukia kuambiwa.

Taarabu ndiyo iliyogharimu. Katika onyesho la harusi wimbo ulikuwa unapigwa kwa spika halisi huku waigizaji wakizungumza, kwa hiyo uliingia ndani ya kila maikrofoni. Prodyusa alidhani kwamba kwa kuwa ukumbi una leseni ya kupiga muziki hadharani basi mambo yamekwisha. Leseni hiyo inahusu kupigwa ukumbini. Kuunganisha wimbo na picha kunahitaji ruhusa ya mwenye utunzi, na kutumia rekodi ile ile kunahitaji ruhusa ya mwenye rekodi. Ruhusa haikupatikana ndani ya siku tatu. Programu za kutenganisha sauti zilitoa mazungumzo yaliyosikika kama yamepita kwenye bomba. Mwishowe waigizaji wawili waliitwa usiku kurekodi maneno yao upya, sentensi 14, na zilizobaki zikafunikwa kwa shoti za mbali ambazo midomo haisomeki. Ingezuilika kwa kanuni moja siku ya kupiga picha: spika ipige mwanzo wa wimbo ili watu wapate mdundo, izimwe, wacheze kimya, na wimbo uje baadaye.

Sekunde 72

Dakika 1 na sekunde 12 zilizozidi ni sekunde 72; kwa fremu 25 kila sekunde, ni fremu 1,800. Kipindi hiki kilikuwa na mikato ipatayo 300. Fremu 6 kila mkato, deni limelipwa, na hakuna onyesho lililoondolewa. Wahariri wengi huanza hivyo, na katika habari hufaa. Katika tamthilia hugeuka sumu ikitumiwa sawasawa kila mahali, kwa kuwa zile fremu 6 baada ya mtu kunyamaza ndizo zinazomwambia mtazamaji kwamba aliyesikia ameumia.

Mhariri alitafuta muda kwenye milango. Tamthilia ya pwani ina hodi nyingi: mgeni anabisha, anakaribishwa, anavua viatu, anasalimu, anajibiwa, anaulizwa hali ya nyumbani, anaketi. Kila mlango ulikula sekunde 15 hadi 25, na sehemu ya kwanza ilikuwa na milango mitano. Kishawishi ni kukata kutoka barazani moja kwa moja hadi mgeni aliyeketi. Kwa mtazamaji wa Mombasa huo si ufupisho. Kijana akionekana mbele ya mama mzazi wa mchumba wake bila salamu, watu watasubiri maelezo: amekosana nao? Hadithi imepata jambo ambalo mwandishi hakuliandika.

Njia iliyofaa ni kuacha sauti itangulie picha. "Hodi" inasikika tungali jikoni na mama anakuna nazi. Anajibu "Karibu" bila kuinua kichwa. Tunakata kijana yuko tayari ndani, ameinama kidogo, "Shikamoo" iko katikati. Salamu imekuwepo, sekunde 11 zimepona. Milango minne kati ya mitano ilitendewa hivyo, ikatoa sekunde 44. Mlango wa tano uliachwa mzima, kwa sababu mle ndani jibu la salamu lilichelewa makusudi na uchelewaji huo ndio onyesho lenyewe. Sekunde 28 zilizobaki zilitoka kwenye safari ya feri, ambayo haikuwa inasema kitu baada ya shoti ya tatu.

Ambayo mkaguzi hakuyaona

Ripoti ya kituo hupima faili. Haimpimi mtazamaji, na kuna makosa yaliyopita kwenye mashine ambayo kila mkaazi wa Kisauni angeyaona.

Onyesho la ufukweni lilipigwa asubuhi na mchana wa siku moja. Bamburi, maji kujaa na kupwa hutengana kwa saa sita na ushei, na wakati wa bamvua tofauti ya kimo hupita mita 3. Katika shoti ya mwanamume mawimbi yanalamba miguu. Nyuma ya mwanamke anayemjibu ni mchanga mtupu na mashua imelala ubavu. Kurudia kesho saa ile ile hakusaidii sana, kwa kuwa maji huchelewa kama dakika 50 kila siku. Mezani, mhariri alipanga shoti kwa kimo cha maji badala ya mpangilio wa maneno, akaona kwamba mazungumzo yangeweza kugawanywa mara mbili kwa kuweka onyesho fupi la mjini katikati. Muda ukapita, maji yakawa na haki ya kupwa.

Kosa la adhana lilikuwa baya zaidi. Ili kutia uhai jioni ya Mji wa Kale, msaidizi alichukua adhana kutoka kwenye maktaba ya sauti iliyorekodiwa na timu yao, akaiweka chini ya onyesho la magharibi. Ilikuwa adhana ya alfajiri, yenye maneno yanayosema sala ni bora kuliko usingizi, maneno ambayo hayamo katika adhana nyingine nne. Msaidizi asiyeyajua hawezi kulaumiwa kwa kutosikia tofauti, lakini maktaba ya sauti inaweza kulaumiwa: faili liliitwa "adhana 03". Jina lilipaswa kubeba mahali, wakati wa sala na tarehe. Pia haikufaa kuikata katikati ili mhusika aseme. Ilihamishwa ianze mbali, ifunikwe na mlango unaofungwa.

La tatu ni dogo na lilikula siku nzima. Mwandika kumbukumbu wa seti aliandika saa za Kiswahili: shoti nzuri ya tatu, saa nne na robo. Kamera ilihesabu 10:15. Simu ilikuwa sahihi, lakini programu moja ya kunakili iliandika muda wa faili kwa saa za UTC, saa ya kimataifa iliyo nyuma ya Afrika Mashariki kwa saa tatu, yaani 07:15. Mtu mmoja akitafuta shoti ya "4:15" anaipata ya alfajiri isiyokuwepo. Dawa ni mstari mmoja juu ya kila karatasi ya kumbukumbu: saa zote za tarakimu 24, za Afrika Mashariki.

Ukurasa mmoja wa mkataba

Sehemu ya kwanza ilirushwa kwa wakati wake. Mhariri alilipwa malipo ya sehemu moja kwa kazi iliyochukua muda wa sehemu mbili na zaidi, na simu ya prodyusa ikabaki kama ilivyosemwa. Tukihesabu asili ya yale sita: sauti iliyozidi na kanda iliyotetemeka ni ya mhariri. Urefu ni wake na wa muongozaji kwa pamoja. Taarabu na kisu ni vya seti na hati ya mchezo. Soko lilianzia kwenye simu, ingawa angeligundua siku ya kwanza kwa kutazama mwisho wa shoti. Lakini maneno "kituo kikishakubali kazi" yalimfanya adhamini kazi ya watu ambao hakuwaajiri. Hapa ndipo wahariri wa nyuma ya pazia hupoteza pesa na majina, na hakuna programu mpya itakayowasaidia.

Sheria haimbebi sana. Chini ya Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya mwaka 2001, mtunzi wa kazi ya picha na sauti ni yule aliyefanya mipango ya kuitengeneza, yaani upande wa prodyusa. Na kazi iliyoagizwa huwa mali ya aliyeagiza isipokuwa wamekubaliana vingine. Kwa hiyo jina la mhariri kwenye orodha ya mwisho, na namna linavyoandikwa, lina ulinzi wa uhakika mahali pamoja tu: mkataba. Malipo yakikwama, Mahakama ya Madai Madogo husikiliza madai ya huduma yasiyozidi shilingi milioni 1 na inatakiwa kuamua ndani ya siku 60. Inahitaji karatasi. Mazungumzo ya simu ya "tutaonana mwisho wa mwezi" hayapigwi muhuri. Na prodyusa akikata kodi ya zuio, asilimia 5 kwa ada za kitaalamu za mkaazi, mhariri adai cheti chake. Bila cheti, pesa hiyo imekatwa na haitahesabika upande wake.

Kuanzia sehemu ya pili mhariri aliomba marekebisho manne, na aliyapata kwa sababu prodyusa naye alikuwa ameogopa. Malipo yaligawanywa: asilimia 40 baada ya kupokea picha, 30 baada ya mkato wa kwanza, 30 baada ya faili la mwisho. Mizunguko ya mabadiliko ikawa miwili, na wa tatu una bei yake. Kukataliwa na kituo kwa sababu ya kitu kilichoandikwa kwenye ripoti ya mapokezi hakuzuii malipo. Jina lake litatokea kama "Mhariri" peke yake kwenye fremu.

Ripoti ya mapokezi ndiyo iliyobadilisha kazi yake, kuliko hayo mengine. Ni ukurasa mmoja, unatumwa ndani ya saa 24 tangu diski kufika. Unataja kila kadi, idadi ya klipu, kasi ya fremu, kasi ya sampuli za sauti, na kama mwanzo na mwisho wa kila shoti ndefu vimelandana. Unataja muziki wowote unaosikika chini ya maneno. Unasema kadi zimenakiliwa zima pamoja na folda zake zote, kwa kuwa kuchomoa klipu pekee huacha nyuma taarifa zinazohitajika kuunganisha shoti ndefu. Kamera kuu ilirekodi megabiti 100 kwa sekunde, yaani gigabaiti 45 kwa saa. Kwa uwiano wa dakika 10 zilizopigwa kwa kila moja inayoonekana, sehemu moja huleta karibu saa 4, gigabaiti 172, na msimu wote terabaiti 2.2. Nakala tatu, moja ikiwa nje ya jengo, zinafika terabaiti 6.7. Diski ya kuzunguka inayoandika megabaiti 100 kwa sekunde huhitaji takriban nusu saa kwa nakala moja ya sehemu moja, na uhakiki wa nakala unaongeza muda. Prodyusa aliyezoea kuuliza "mbona bado hujaanza" alianza kuona hilo kwenye karatasi.

Diski zenyewe zilihamishwa kutoka dirishani. Hewa ya chumvi hula viunganishi, na mashine inayotolewa kwenye kiyoyozi hadi unyevu wa nje hupata umande. Iache ndani ya mfuko uliofungwa mpaka ipate joto la nje. UPS, betri ya akiba ya umeme, ilinunuliwa kwa kazi moja, kupata dakika chache za kuhifadhi na kuzima. Anayeendelea kuhariri umeme ukiwa umekatika huku UPS ikilia atajifunza gharama ya mradi ulioharibika katikati ya kuandikwa.

Kufikia sehemu ya tano, mhariri alikuwa anaitwa kwenye kikao cha kabla ya kupiga picha. Alikwenda na mambo matatu tu: simu ifungwe kwenye fremu 25 na shata ya 1/50 kwa programu inayoruhusu hivyo, spika izimwe wakati wa maneno, na jedwali la maji liwe mezani kabla ratiba ya ufukweni haijaandikwa. Kwenye sehemu za mwisho cheo chake kilisomeka msimamizi wa uhariri, na kijana mwingine ndiye aliyekata mikato ya kwanza.

Jambo moja halikuafikiwa. Msimu ulipoisha, prodyusa alidai faili la mradi, lenye taimilaini zote, yaani mpangilio wa kila mkato, pamoja na faili la mwisho. Mhariri alisema alilipwa kwa kipindi kilichokamilika, na kwamba mradi wazi humwezesha yeyote kubadili kazi yake huku jina likibaki lake. Prodyusa alisema amegharamia kila saa iliyomo. Mkataba wa ukurasa mmoja haukusema chochote kuhusu hilo, na ule uliorekebishwa pia ulisahau. Walimalizana kwa prodyusa kupewa faili la mwisho, faili lisilo na maandishi juu ya picha, na sauti zilizotenganishwa: mazungumzo, muziki, mazingira. Vitu hivyo vinatosha kutafsiri au kuuza kipindi nje. Mradi ulibaki kwa mhariri, na kipengele kinachouhusu kikaandikwa kwenye rasimu ya mkataba wa msimu wa pili, kikiwa na bei yake.